MAONI: Kabla ya mtambo wa Loki, Kwale tulikuwa na fingo

Jioni moja tulikuwa maskani hapa Kombani, karibu na makutano ya barabara inayopanda kwenda mjini Kwale. Watu sita, simu moja. Wawili ni wa bodaboda, wanasubiri abiria wanaoshuka kwenye matatu za Likoni. Mmoja anauza viazi karai. Mwenye simu alikuwa ameshusha vipindi vyote vya msimu wa pili wa Loki, ule uliomalizika Novemba 2023, na tulikuwa tumefika kipindi cha mwisho.

Kama hujaiona, samahani, nitamwaga mtama. Kwenye hadithi hiyo kuna ofisi inayolinda wakati. Ndani yake kuna mtambo mkubwa ajabu. Unachukua wakati ukiwa bado mbichi, unaufuma mpaka unakuwa uzi mmoja. Mtambo ukiwa mzima, dunia iko sawa: jana inabaki jana, ukuta unabaki ukuta. Mtambo ukizidiwa, kila kitu kinafumuka. Majumba, barabara, hata watu, wote wanageuka nyuzi na kupotea.

Basi tukatazama mpaka mwisho. Simu ikazimwa kuokoa chaji. Muuza viazi akatikisa kichwa, akasema: "Wazungu wana akili, bwana. Sisi tungewaza kitu kama hicho saa ngapi?"

Tukacheka. Mimi pia nilicheka, na sikumjibu. Lakini usiku nikiwa kitandani lilinijia neno ambalo sikuwa nimelisikia tangu nikiwa mdogo, nikikaa na bibi. Fingo. Makala haya ni jibu langu kwa muuza viazi, japo nimechelewa.

Fingo ni nini hasa?

Vijana wengi wa mjini wakisikia fingo wanafikiria hirizi ya kufukia shambani ili mwizi wa nazi anase juu ya mnazi. Hiyo ni fingo ya mtu mmoja na minazi yake. Mimi nazungumzia fingo la kaya.

Masimulizi ya Wamijikenda yanasema wazee wetu walitoka Singwaya, kaskazini, wakiwa wanafukuzwa na vita. Katika vitu walivyobeba, fingo ndilo lililokuwa zito kuliko yote, na si kwa kilo. Walipofika huku walitafuta msitu, wakafyeka uwazi katikati, wakalizika fingo ardhini. Mahali hasa pa kulizika palijulikana na wazee wachache tu. Baada ya hapo ndipo nyumba zilipojengwa. Hakuna kaya iliyoanza kwa nyumba.

Hebu tafakari hilo kidogo. Watu wamepoteza kwao. Hawajui hapa ni wapi, hawajui watakaa mwaka mmoja au mia. Wanachofanya kwanza ni kuchimba shimo na kuweka ndani yake kitu kinachosema: hapa sasa ni hapa. Kuanzia siku hiyo mahali pana jina na mwaka una mwanzo. Kama huo si mtambo wa kutuliza dunia, basi sijui mtambo ni nini.

Na haukuishia hapo. Kaya nzima ilikuwa imepangwa kama saa na ramani kwa pamoja. Upande wa mahali: kulikuwa na uwazi wa katikati, msitu mnene ukiuzunguka kama ukuta, na njia maalum zenye milango. Hukuingia kayani kwa kupasua vichaka ulikotaka. Upande wa wakati: wiki ya Wamijikenda ilikuwa na siku 4, na siku ya jumwa watu walipumzika, jembe halikugusa shamba. Miaka nayo ilishikwa na rika. Mtu hakusema nilizaliwa mwaka fulani, alisema mimi ni wa rika fulani, na kila aliyesikia akajua amesimama wapi kwenye mstari wa kizazi.

UNESCO wanasema makazi haya ya kaya yalianza karne ya 16, na kufikia miaka ya 1940 watu walikuwa wamehama kuishi nje ya misitu. Lakini misitu ilibaki, na heshima ikabaki. Mwaka 2008 misitu ya kaya iliingizwa kwenye orodha ya urithi wa dunia. Mwaka uliofuata, 2009, mila zenyewe za kaya ziliingizwa kwenye orodha nyingine, ile ya mila zinazohitaji kuokolewa haraka. Soma tena maneno hayo mawili ya mwisho. Dunia ilitupigia king'ora, sisi tukadhani ni tuzo.

Mwingereza alielewa

Kuna watu watasema: hizo ni hadithi za wazee, fingo halifanyi kazi yoyote. Sawa. Basi nielezeni kilichotokea Giriama.

Mwaka 1913 Mekatilili wa Menza alikuwa akizunguka kuwakusanya watu dhidi ya kodi na kazi za lazima za Mwingereza. Aliwarudisha kaya. Wanawake walikula kiapo chao cha mukushekushe, wanaume chao cha fisi. Serikali ilimkamata pamoja na Wanje wa Mwadorikola na kuwapeleka magharibi ya nchi, kule Gusii, mamia ya kilomita. Wakatoroka, wakarudi Pwani.

Mwaka 1914 wakoloni wakafanya jambo ambalo ukilifikiria vizuri linashangaza. Waliilipua kaya kwa baruti. Kaya Fungo (hilo ni jina la kaya ya Wagiriama, usilichanganye na fingo). Jeshi lenye bunduki, la dola iliyotawala sehemu kubwa ya dunia, linatumia baruti yake kwa uwazi ulio katikati ya msitu, ambao hata watu wengi hawakuwa wakiishi tena. Kwa nini? Kwa sababu waliona kwamba pale ndipo watu walipokuwa wameshikamana. Hawakuamini mizimu. Waliamini macho yao.

Kwa hiyo nikiulizwa kama fingo lina nguvu, mimi sijibu kuhusu kilichomo shimoni. Najibu kwamba hata adui aliyelidharau alilichukulia kwa uzito kuliko sisi wajukuu.

Mtambo na amana

Sasa turudi kwa Loki, kwa sababu mwisho wa ile hadithi ndio ulionifanya nisilale.

Mtambo ule ulikuwa na mafundi. Ukizidiwa, unaongezewa kifaa, unapanuliwa, unajaribiwa tena. Loki mwenyewe alitumia karne kadhaa akisoma ufundi wake ili auokoe. Hakufanikiwa. Mwishowe aligundua kwamba mtambo haukutengenezwa kuokoa wote; ulitengenezwa kuokoa uzi mmoja na kukata mwingine wote. Basi akauvunja. Akazishika nyuzi kwa mikono yake miwili, akapanda nazo mpaka kwenye kiti, akakaa. Mtambo umekwisha. Kilichobaki ni mtu aliyekubali kushika.

Waandishi wa Marekani walihitaji misimu miwili na mapesa mengi kufika hapo. Wazee wa kaya walianzia hapo.

Fingo halina fundi, lina walinzi. Halitengenezwi likiharibika, linatunzwa lisiharibike. Na masharti yake ni ya watu wote, si ya wazee peke yao: usikate mti, usiondoe kitu, usipite njia isiyo njia. Nenda Kaya Kinondo, huko chini baada ya Diani, utayaona masharti hayo yakiwa hai. Utavishwa kaniki, utaongozwa na mwenyeji, na hutatoka hata na jani lililoanguka. Hakuna kamera, hakuna ua wa stima. Ila msitu wa hekta 30 hivi umesimama katikati ya ufuo ambao kila mtu mwenye pesa anautaka. Umeshikwa na nini? Na watu waliokubaliana.

Ndiyo maana kitu cha aina hii hakihamishiki. Angalia vigango, yale magogo ya kuchongwa ambayo ndugu zetu wa Kilifi husimamisha kuwakumbuka wazee waliofariki. Viliibwa kwa wingi vikauzwa ng'ambo kama mapambo. Mwaka 2007 familia moja ilirudishiwa kigango kilichoibwa mwaka 1985 na kuishia kwenye jumba la makumbusho Marekani. Huko kilikuwa sanaa nzuri ukutani. Hapa kilikuwa baba wa mtu, amesimama nje ya nyumba yake. Mbao ni zile zile. Kilichobadilika ni mahali, na kazi yote ilikuwa kwenye mahali.

Tumekwisha kuandika, ila tumesahau

Muuza viazi aliuliza sisi tungewaza saa ngapi. Tumeshawaza, braza. Mwaka 1995 Katama Mkangi, mwana wa Pwani hii hii, alitoa riwaya inaitwa Walenisi. Shujaa wake ni Dzombo, jina lile lile la kilima cha huku kwetu upande wa Lunga Lunga. Dzombo anahukumiwa kufa, anaingizwa kwenye chombo cha kumrusha angani apotee. Badala ya kupotea anakiongoza chombo, anatua dunia nyingine yenye haki, dunia ya Walenisi. Yaani wale-ni-sisi.

Hiyo ni hadithi ya chombo, anga na dunia nyingine, kwa Kiswahili, kabla wengi wetu hatujazaliwa. Ni wangapi maskani wameisoma? Mimi nilikutana na jina lake kwenye orodha ya vitabu nikapita.

Na mali ghafi bado ipo. Tuna Mrima, kilima chenye kaya juu na madini adimu chini, na mvutano wa miaka kuhusu nani achimbe. Wakanda gani tena unayoitafuta? Tuna kisiwa cha Chale, chenye kaya, ambacho sehemu yake leo ni hoteli. Tuna kaya Waa, jirani hapa. Wanaochora katuni, wanaotengeneza michezo ya simu, wanaoandika filamu fupi, dunia yenu ya ajabu haiko mbali. Iko kwenye matatu ya nusu saa.

Lakini nani atakueleza?

Hapa ndipo penye uchungu, na hapa lazima niseme langu.

Kijiji jirani alikuwapo mzee mmoja. Macho mekundu, mvi tele, anaishi peke yake. Tukiwa watoto alikuwa anatupa madafu na kutufundisha majina ya siku 4 za wiki ya zamani. Tulikuwa tunayaimba tukirudi chuoni. Tulivyokua, yakaanza maneno. Mtoto akiugua, ni yeye. Bodaboda ikianguka, ni yeye. Kule maskani mtu mmoja alisema siku moja, kwa kicheko, kwamba mzee yule anafaa "kupumzishwa". Wengine wakacheka. Mimi sikucheka siku hiyo, lakini sikusema kitu pia. Niliangalia simu yangu.

Mzee hakuuawa, namshukuru Mungu. Mabinti zake walikuja usiku wakamchukua, wakaenda naye Likoni. Hakurudi. Nyumba yake imebaki msingi, na kiwanja kimeshapigwa bango la kuuzwa. Wengine hawakupata mabinti wa kuwachukua. Kwale na Kilifi wazee wameuawa kwa kuitwa wachawi, na kila mtu anajua kwamba mara nyingi chini ya neno "mchawi" kuna ardhi. Na wanaoshika panga si wageni. Ni vijana, wa umri wangu na wako.

Juzi nilijaribu kuzikumbuka zile siku 4. Kwaluka nimeikumbuka. Jumwa nimeikumbuka. Mbili zimenitoka. Naweza kuzitafuta kwenye intaneti, na labda nitazipata. Ila aliyenifundisha alijua pia kwa nini siku fulani hulimi, siku fulani huoi, na hilo sikuwahi kumwuliza.

Kwenye Loki nyuzi zikikatika unaona kwa macho, kuna mwanga na kelele. Hapa hakuna kelele. Mzee mmoja anahama, na asubuhi viazi vinakaangwa kama kawaida.

Najua mtasema

Kuna atakayesema: ndugu, sisi ni Waislamu, haya ya fingo ni shirki. Nimelelewa hapa, naelewa. Sikuambii uende ukaombe kwa chungu wala kwa mti. Mtu anaweza kuswali swala tano na bado akaheshimu msitu ambao babu yake alizikwa karibu nao. Kutokukata mti si ibada. Kumsikiliza mzee si ibada. Kumwua mzee kwa uvumi, hilo hakuna dini iliyolihalalisha.

Kuna atakayesema: ukiyaweka kwenye filamu unazitoa siri za kaya. Hoja hiyo ni nzito, na naikubali nusu. Fingo liko salama kwa sababu hatujui lilipo, na pabaki hivyo hivyo. Hadithi haihitaji ramani ya shimo. Buni kaya yako, buni fingo lako, mpe mlinzi wake jina lako mwenyewe. Kinachohitaji ukweli ni masharti, hofu, na uchungu wa anayeshika. Ukitaka kujua hayo, kaketi na wazee, uombe ruhusa, uambiwe hili sema na hili usiseme. Ukikubali kuambiwa "hili usiseme", tayari umeanza kuwa mlinzi.

Na kuna atakayesema, aa, wewe unataka turudi kuishi msituni. La. Mimi napenda Kombani ilivyo sasa, na taa zake na kelele zake. Naitaka barabara, nataka bando la bei nafuu, nataka kazi ya kuchora kwenye kompyuta. Lakini mji unaokua bila kitu katikati yake ni viwanja tu vilivyopangwa. Kila wiki naona bango jipya la plot. Sijaona bango linaloniambia hapa ni wapi.

Tufanye nini?

Sitaki kumaliza kwa "serikali ifanye". Makavazi ya Taifa wana kitengo cha misitu ya pwani tangu mwaka 1992, chenye ofisi hapo Ukunda. Kaya nyingi zimetangazwa kuwa turathi. Sheria zipo. Msitu hauliwi na ukosefu wa karatasi.

Ninaomba mambo matatu ya ukubwa wetu. La kwanza, nenda Kinondo, au kaya iliyo karibu nawe inayopokea wageni, angalau mara moja, ukiwa kimya. La pili, kama unaandika, unachora au unapiga picha, tengeneza kitu kimoja kidogo chenye kaya ndani yake, kwa Kiswahili au Kidigo, ukionyeshe maskani kabla hujakipeleka kokote. La tatu ni gumu kuliko yote. Siku neno "mchawi" litakapotupwa kwa mzee mbele yako, usiangalie simu. Sema "huyo simjui kwa hilo". Maneno hayo tu. Mara nyingi mmoja akikataa kucheka, wengine nao husita.

Wiki iliyopita nilirudi kwa muuza viazi nikamweleza habari za fingo, kama nilivyokueleza wewe. Alinisikiliza huku anageuza karai. Alipomaliza kunifungia viazi akaniuliza: "Sasa lile la kwetu sisi, liko wapi?"

Nikamwambia haturuhusiwi kujua. Akafikiri kidogo, akaniongezea pilipili.

"Basi kuna mtu analishika," akasema.

Jumamosi ninakwenda Likoni. Nimepata namba ya binti wa yule mzee. Nina maneno mawili ya kumwuliza baba yake, na samahani moja.